Talaka ya Sinemani

London, 3 Novemba 1946

Dada yangu Mwanakuu,

Salamu zangu zikufikie ukiwa mzima, wewe na Mama na kila aliye ndani ya nyumba yetu. Mimi sijambo, ila kikohozi kidogo cha moshi wa mji huu, na hicho usimwambie Mama. Nimeonana na baharia wa kwetu akaniambia Ami amepata kazi ya kuunda mashua kubwa mbili kule Liwatoni. Mpe hongera. Mwambie mkwewe naye huku hajalala.

Sasa kaa kitako nikupe habari. Unajua kwamba tangu meli yetu izame mwaka wa arobaini na tatu nami niletwe huku, nimekuwa nikiitwa kuigiza kwenye sinema. Mpaka leo nimeonekana katika michezo saba. Nimekuwa bawabu wa Kimisri, mpishi wa Kihindi, askari wa Kituruki mara mbili, na Mmalaya mmoja aliyepigwa risasi kabla hajafungua mdomo. Kwa Waingereza hawa, mtu mwenye rangi yangu akivikwa kilemba anatoka popote watakapo. Jina langu hawajaliandika hata mara moja. Lakini kazi naijua, dada. Nikisimama mlangoni nyuma ya mchezaji mkubwa, watu wananitazama mimi. Sijisifu, yeye mwenyewe alikwenda kunishtaki.

Mwezi uliopita nilipewa kusema. Nilikuwa tajiri wa sokoni anayemfukuza mkewe, na mke ni Mwingereza aliyepakwa rangi ya kahawia mpaka masikioni. Bwana anayeuongoza mchezo akaniambia, sema lolote kwa lugha yako, hapa hakuna wa kuelewa, bora uwe mkali. Basi hakuna aliyeniandikia hata herufi. Neno zima langu, kutoka kifuani mwangu. Kwa kawaida yule bwana hurudisha jambo moja mara kumi na mbili mpaka watu wachoke. Mimi nilisema mara moja tu, akapiga makofi, akasema inatosha. Watu sitini walinyamaza kimya, mafundi wa taa na wote. Siku hiyo nilijua mimi ni mwigizaji.

Nisalimie wote nyumbani.

Nduguyo, Taib

*

Mombasa, 2 Februari 1947

Kwa Taib, bwana tajiri wa sokoni,

Baada ya kukutakia afya na kikohozi kipone (Mama amejua, barua niliisoma kwa sauti kabla sijaona pa kuruka), sisi huku tu salama. Barua yako imechelewa kwa ajili ya mgomo. Mwezi uliopita bandari ya Kilindini ilisimama yote, wapagazi hawakushika mzigo, na sisi wa Mji wa Kale tulikaa siku kadhaa bila mkate wa duka. Magoti ya Mama yanamsumbua akipanda ngazi. Ami hajambo, anakuombea, ila kila Ijumaa huuliza, "Huyu yuwaja lini?" nami humjibu kwamba meli zimejaa wanajeshi wanaorudi makwao. Jibu hilo limeanza kuchakaa.

Tumefurahi na habari zako. Mama amecheka mpaka akashika ubavu kwa yule Mmalaya. Jirani yetu Khatijabai, mwenye duka la vitambaa, ambaye hakosi sinema hata akiwa na homa, amesema atakutafuta katika kila mchezo utakaoletwa huku.

Ila nina swali. Umemsalimia Ami, umemtaja baharia, umewataja mafundi wa taa. Mkeo Swabaha alikuwa amekaa hapa sebuleni, kofia anayoishona iko mapajani, anasikiliza mpaka mwisho. Karatasi ilikwisha? Mwaka wa nne huu tangu uondoke. Hamkujaaliwa mtoto, na yeye hajaomba kurudi kwa Ami, babake, hata siku moja. Kanzu zako anazianika juani kila mwezi zisiliwe na nondo. Mwandikie mwenyewe, mistari miwili tu.

Dadako asiyenyamaza, Mwanakuu

*

London, 18 Agosti 1947

Dada Mwanakuu,

Naandika nikijua umeshaninunia, na una haki. Baridi ya mwaka huu haijapata kuonekana, hata wazee wa hapa wanasema hivyo. Mabomba ya maji yaliganda, makaa hakuna, nami nililala na koti. Sasa ni jua, namshukuru Mungu, nanyi natumai hamjambo. Magoti ya Mama yakandwe kwa mafuta ya ufuta, si ya nazi.

Ule mchezo wangu umetoka. Gazeti moja limeandika mstari mzima juu yangu: tajiri wa sokoni anatisha kweli. Mstari mzima! Nimeukata nikauweka ndani ya msahafu, Mungu anisamehe. Tangu hapo nimeitwa mara tatu, na mara hizi wananiuliza ninaonaje, niingie kwa mlango upi, nishike nini mkononi. Mzungu kuniuliza mimi naonaje, dada, hilo si jambo dogo.

Kurudi si mwaka huu. Swabaha nitamwandikia mwenyewe, mwambie.

Nduguyo, Taib

*

Mombasa, 14 Aprili 1948

Taib,

Mama mzima, Ami mzima, mimi mzima. Miezi minane tumeingoja barua yako kwa Swabaha na haijafika. Salamu ni hizo, leo sina nyingine, kwa sababu mchezo wako umefika Mombasa.

Khatijabai alikuja mbio Jumanne, viatu mkononi, akisema picha zimebandikwa na wewe umo, kwa nyuma, na kilemba. Jumatano ndiyo siku ya wanawake. Tulikwenda mtaa mzima, mabuibui tupu. Mama tulimpandisha rikshoni na magoti yake, na ni mara yake ya kwanza kuingia sinema. Swabaha alikaa kati yangu na Mama. Alivaa leso mpya. Alijitia manukato, Taib, kwenda kukutazama wewe kwenye kitambaa.

Ulipotokea, wanawake walipiga vigelegele. Mama akasema kwa sauti, "Mbona amekonda?" Kweli unaijua kazi yako, nami nitalisema hilo hata nikiwa na hasira: ulipoingia, wale wengine wote walikuwa kama viti. Kisha ukamnyooshea kidole yule mwanamke, ukafungua mdomo, na ikatoka sauti yako ileile, Kimvita chetu safi: "Swabaha, rudi kwa babako. Nimekuacha. Sikutaki tena."

Katika dunia nzima mji uliokuwa tayari kulielewa neno hilo ni huu wetu, nawe ulilitia kwenye sinema likaja lenyewe.

Wanawake wote waligeuka kutazama mstari wetu. Swabaha alikuwa bado anatabasamu, tabasamu lile alilokuja nalo kutoka nyumbani. Mama alimshika mkono. Tulikaa mpaka mwisho kwa sababu hakuna aliyekuwa na ujasiri wa kusimama kwanza.

Kabla ya magharibi Ami alikuwa amesikia. Amekwenda kwa Sheikh kuuliza kama binti yake ni mke wa mtu au si mke wa mtu. Sheikh hakucheka kama nilivyotumaini. Amesema talaka haina mzaha, mtu akiitamka hata kwa kucheza imepita. Lakini anayeyasema maneno ya mwingine ni jambo jingine. Mwalimu akisoma katika kitabu "nimekuacha" mbele ya wanafunzi, mkewe nyumbani hajaachika. Basi swali lake ni moja: maneno yale yaliandikwa na mwenye mchezo ukayasoma tu, au ni yako? Kama uliandikiwa, Swabaha ni mkeo. Kama ni yako na jina ni lake, basi uliachana naye tangu Oktoba ya mwaka wa arobaini na sita, eda imekwisha zamani naye bila kujua, na leo ni mwanamke huru. Ukimtaka, utamposa upya kama mtu baki.

Ndugu yangu, ile barua yako ya kwanza iko kwenye kasha langu, chini ya nguo. Sheikh hajaiona. Ami haikumbuki. Nakumbuka kila neno lililomo, na najua nawe unalikumbuka. Fikiri kabla hujajibu. Tuma barua ya ndege.

Mwanakuu

*

London, 27 Aprili 1948

Dada mpenzi,

Amani iwe nanyi nyote, hasa Mama, ambaye nasikitika kwamba mara yake ya kwanza sinema imekuwa hivi. Mwambie sijakonda, ni ile taa ya juu.

Mwambie Sheikh kwa heshima kwamba maneno yale niliandikiwa. Yupo hapa mtu aliyepata kuishi Unguja, ndiye aliyewatafsiria. Jina la Swabaha lilikuwa kwenye karatasi, na majina kama hayo ni mengi. Mimi nilisoma tu. Katika barua yangu ya kwanza nilijikweza, unanijua. Ichome.

Nimepewa mchezo mwingine, dada, mkubwa. Mganga wa jangwani anayetokea mwanzo hadi mwisho, na safari hii jina langu litaandikwa. Mkataba ni wa miaka miwili. Nitakueleza.

Taib

*

Mombasa, 16 Mei 1948

Ndugu yangu Taib,

Mama anakusalimu, anaswali ameketi siku hizi. Mvua kubwa zimeanza, kuta za nyuma zimelowa, na Ami anashindwa kupaka mashua rangi. Mengine ni haya.

Barua yako ilikuja asubuhi. Nilijifunga buibui nikaishika nikampelekee Sheikh. Nakwambia ukweli, nilikuwa tayari. Nilijisemea, ndugu yangu mmoja tu, nitasimama mbele ya mwanachuoni niseme urongo, kisha nitatubu. Swabaha akanikuta mlangoni.

"Dada, kabla hujakwenda, nisomea ile ya kwanda."

"Ipi?"

"Ile ya mafundi wa taa. Ile alosema neno zima ni lake."

Taib, sisi wawili ni wajinga. Tumefichana siri ya kitu nilichokisoma kwa sauti sebuleni, Mama anacheka, na yeye amekaa hapo anashona kofia. Umesahau kwamba nyumbani kwetu barua ni ya nyumba nzima? Nami nimesahau, mwenye kuisoma.

Nilivua buibui nikakaa. Akaniambia amerudi sinema mara mbili, yeye na Khatijabai tu, Jumatano zote mbili, kukutazama. Nikamuuliza alikwenda kutafuta nini. Akasema, "Taib akicheza namjua. Huinua unyusi huu wa kushoto, hata akimcheza Mama shere. Pale hakuinua. Yule si mtu yuwacheza."

Kisha akasema hataki fatwa iliyopatikana kwa urongo, kwa sababu wewe utakuwa huko na mikataba yako, na yeye ndiye atakayebaki humu ndani akijiuliza kila siku yeye ni nani wako. Ana swali moja tu, na hilo la Sheikh halimhusu sana. Pale uliposema, ulikusudia au hukukusudia? Kama hukukusudia, atakungoja, hata miaka miwili hiyo. Kama ulikusudia, umwambie yeye.

Jambo jingine ulijue, nisije nikaambiwa nilikuficha. Jamaldin, karani wa Kilindini aliyefiwa na mkewe, ametuma watu kwa Ami kuuliza kama ni kweli. Ami amewaambia wangoje jawabu lako. Ni mtu mwema. Ningependa angekuwa mbaya.

Sikuichoma barua yoyote. Nijibu kiume.

Mwanakuu

*

London, 9 Juni 1948

Dada Mwanakuu,

Nawaamkia nyote. Shikamoo Mama. Shikamoo Ami. Barua hii isome kwa sauti sebuleni, Swabaha akiwapo, na usiruke kitu.

Swabaha, nilikusudia.

Mwezi ule nilikuwa nimeshakata shauri kwamba sirudi. Mara tatu nilikaa na kalamu nikuandikie, na mara tatu nikaandika habari ya baridi. Hapakuwa na mwanamke mwingine, wala hayupo sasa. Ningekuwa naye labda ingekuwa rahisi kueleza. Ni kazi hii. Ninaipenda. Nikiwa huko ni mwana wa fulani na mkwe wa fulani, na hakuna ubaya. Huku asubuhi navaa mtu mwingine kabisa, natembea kama yeye, nakasirika kama yeye, na nikiweza kumfanya aliye gizani anisadiki nasikia damu inanitembea. Nilikuwa naitaka kazi hii kuliko nilivyotaka kurudi, nami niliona haya kulisema. Basi yule bwana akaniambia, sema lolote, hapa hakuna wa kuelewa. Nikakuona wewe. Likatoka. Nilipotoka pale nilijisikia mwepesi siku nzima, nikajiambia limekwisha, nimemwacha huru, na wewe ulikuwa hujui lolote. Ule ndio uoga wangu wote.

Uigizaji walionisifia haukuwa uigizaji. Nimelijua hilo muda wote, na ndilo linaloniuma zaidi ya mengine.

Mtu wa Unguja hayupo. Sheikh aambiwe maneno ni yangu na jina ni lako. Ami anisamehe akiweza. Na wewe Mwanakuu, nisamehe kwa kutaka kukutia katika urongo wangu mbele ya mwanachuoni.

Niambie alilosema. Neno kwa neno.

Taib

*

Mombasa, 30 Agosti 1948

Ndugu yangu Taib,

Nakusalimu kwa wema, na Mama pia anakusalimu kwa wema, ingawa wiki mbili hakutaka jina lako litajwe na wiki ya tatu akaanza kuuliza kama unakula. Mashua za Ami zimekwisha na kushushwa majini, nzuri sana. Khatijabai anaomba picha yako ya yule mganga ukishapigwa, aitundike dukani.

Uliomba neno kwa neno. Niliisoma barua yako sebuleni, mbele ya Ami na Sheikh, sisi wanawake tukiwa upande wa ndani wa pazia, nikapaza sauti ili isikike pande zote mbili. Sikuruka kitu. Sheikh alisema talaka imepita, akakuombea dua kwa kusema kweli. Ami aliondoka akaenda zake Liwatoni. Swabaha alikunja kofia aliyokuwa anashona, akaichomeka sindano yake vizuri isipotee, ndipo akasema:

"Kuniata ni haki yake, talaka iko mkononi mwake, simlaumu. Lakini wale watu sitini waliambiwa kabla yangu. Ijapokuwa hawakuelewa, walikuwako. Mimi mwaka na nusu naanika kanzu za mtu si wangu."

Ni hayo tu. Hakulia mbele yetu. Jioni ileile alirudi kwa babake, nyumba tano kutoka hapa, na kasha lake likabebwa na wapagazi wawili, watu wamesimama vibarazani. Mama alimfuata mpaka mlangoni kwao kwa magoti yale yale.

Mimi nilikukasirikia, Taib, na sijamaliza. Nilikuwa na wifi na sasa sina. Lakini ulipokuwa na njia ya kutorokea, na mimi nimekushikia mlango, hukuitumia, na hilo nimemwambia kila aliyethubutu kukusema vibaya mbele yangu. Fanya hiyo kazi uliyoichagua. Ifanye vizuri basi, isiwe tumelipia bure.

Jamaldin alirudia posa. Swabaha aliomba apewe mwezi mmoja wa kufikiri, ukapita, akakubali. Nikaha imesomwa Ijumaa iliyopita nyumbani kwa Ami, bila ngoma. Hina nimempaka mimi mwenyewe, kwa sababu aliniomba, na kwa sababu nilitaka.

Sheikh alipomwambia Jamaldin aitikie, maskini akasahau. Akaanza, akakwama, akakohoa, akalitaja jina la babake Swabaha badala ya la Swabaha, mpaka wanaume wakaanza kucheka na Sheikh akamrudisha mwanzo mara tatu. Mara ya tatu aliitikia kwa sauti ndogo hata sisi nyuma ya pazia tulilazimika kuinama tumsikie. Swabaha alinishika kiwiko kwa mkono wake wa hina, akanichafua nguo nzima, akaninong'oneza, "Alhamdulillahi, dada. Huyu hajui kucheza."

Nilicheka naye. Kisha nilikwenda jikoni nikalia, kwa ajili yako.

Dadako, Mwanakuu